Karatasi Inayosikia

Nilipokuwa mtoto nilikuwa na aina ya karatasi ambayo hakuna kiwanda kilichowahi kuitengeneza wala duka lililowahi kuiuza. Niliitunga mwenyewe kichwani, nikaiwekea sheria zake, na kwa muda wa zaidi ya mwaka mzima nikaitumainia kama mkulima anavyotumainia mvua. Ilikuwa karatasi inayosikia. Ukiandika juu yake una furaha, maandishi yalitoka na rangi ya zafarani. Ukiandika kwa huzuni, karatasi ilipata unyevu kama jani la alfajiri. Ukiandika kwa hasira, ilishika moto wa ndani, hata mpokeaji akaifungua kwa ncha za vidole. Na ukiandika uongo, wino ulikataa kushika. Ulikusanyika matone matone na kuteleza kama maji juu ya jani la magimbi, ukabaki na ukurasa mweupe na aibu yako.

Ndugu msomaji, usinicheke upesi. Watoto wengi hutunga mambo na kuyasahau. La kwangu lilikuwa na sababu, na sababu hiyo sijapata kumweleza mtu, hata wale waliostahili kuijua.

Tulikuwa tukikaa Pangani, mji mdogo ulio pale mto unapoingia baharini, mnazi na mkonge kila upande. Nililelewa na bibi, mzaa mama. Bibi alikuwa akisoma Kurani vizuri kabisa, lakini herufi za kizungu hazikumwingia. Kisomo cha watu wazima kilipopita mtaani kwetu alihudhuria siku mbili, akarudi akasema ubao unamuumiza macho na mwalimu ni mtoto aliyemkanda mwenyewe alipozaliwa, hawezi kumwamkia. Basi barua zake zote nikawa namwandikia mimi, tangu nilipokuwa darasa la tatu.

Barua zenyewe zilikuwa za mtu mmoja tu, mjomba wangu, mwanawe wa kiume wa pekee. Mjomba alikwenda Mombasa mwaka 1974 kutafuta kazi, akaipata bandarini, akaoa huko huko. Wakati ule kwenda Mombasa kutoka kwetu kulikuwa jambo la kawaida: unapanda gari mpaka Tanga, kisha Horohoro, ukivuka umefika Lunga Lunga, na jioni uko kwa nduguyo unakula. Halafu, mwezi wa Februari 1977, Jumuiya ya Afrika Mashariki ikiwa inavunjika, mpaka ukafungwa. Wakubwa walikuwa na hoja zao, nami leo nimezisoma na baadhi nazielewa. Lakini bibi hakuwa na hoja. Alikuwa na mtoto, na mtoto yuko ng'ambo ya mstari ambao yeye hajawahi kuuona umechorwa wapi.

Tangu hapo barua zetu hazikupelekwa posta. Palikuwa na nahodha mmoja wa mashua aliyejua njia zake na saa zake, na hatukumuuliza zaidi. Barua ilikunjwa ndogo sana. Jibu lilikuja baada ya wiki tano, pengine miezi miwili, pamoja na kipande cha sabuni au kanga, vitu ambavyo miaka ile madukani kwetu vilikuwa vya kusimuliwa. Karatasi nazo zilikuwa adimu. Kiwanda cha Mgololo kilikuwa hakijaanza kazi, na daftari la shule lilihesabiwa kurasa. Niliichomoa karatasi ya katikati, ile inayotoka mbili bila daftari kuonyesha jeraha, na bibi aliipokea kwa mikono miwili, akaigeuza, akaipangusa kwa kiganja kabla ya kunirudishia. Sijui alikuwa akipangusa nini.

Wale wa rika langu wanakumbuka jinsi barua zetu zilivyoanza. Ziliandikwa hivyo na maelfu ya watu, kila mtu akidhani ni maneno yake: ama baada ya salamu, napenda kukujulisha kuwa mimi huku ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni juu yako wewe uliye mbali nami. Niliyaandika maneno hayo mara nyingi hata mkono ukayajua bila kichwa. Sikuyaona kuwa kweli wala uongo. Yalikuwa kama hodi.

Mwaka 1981, nikiwa na umri wa miaka kumi na moja, bibi akaanza kuugua. Ulianza uvimbe ubavuni, akasema ni gesi. Kisha akapungua mwili. Kisha akawa halali usiku. Nami niliyelala chumba kimoja naye nilimsikia akigeuka, akivuta pumzi kwa meno, akisoma aya polepole mpaka kuku wa kwanza. Asubuhi anaamka, anachota maji, anakaanga mihogo, na jirani akimuuliza hali anajibu kuwa tunashukuru.

Alitumia dawa za kila aina, pamoja na kombe. Kwa wasioijua: mwalimu wa chuo huchukua sahani nyeupe, akaroweka zafarani katika marashi ya mawaridi, akaandika aya kwa kalamu ya mwanzi, mistari ikazunguka sahani mpaka katikati. Yakisha kukauka, maandishi yale huoshwa kwa maji, na mgonjwa akayanywa. Sisimulii haya ili kuyatetea au kuyapinga. Nasimulia kwa sababu mimi ndiye niliyetumwa kuichukua sahani, na njiani nilikuwa nikiyatazama yale maandishi ya manjano na kuwaza: haya yatafutika, yatakuwa maji, yataingia ndani ya bibi na kufika pale panapouma. Basi kama maandishi yanaweza kuingia mwilini, kwa nini kilichomo mwilini kisiweze kutoka na kuingia kwenye maandishi? Wazo la karatasi yangu lilizaliwa hapo, barabarani, sahani mikononi, nikiogopa kujikwaa.

Siku ile ile jioni, au ya pili yake, aliniita niandike barua.

“Andika, mume wangu,” akasema, maana ndivyo alivyoniita, kama bibi wa pwani wanavyowaita wajukuu wao wa kiume. “Mwambie mama yako ni mzima, buheri wa afya.”

“Lakini bibi, jana usiku...”

“Jana usiku ni yangu mimi. Wewe andika.”

Sikuandika. Nilikaa na peni mkononi. Hakunifokea. Alisogea, akakaa vizuri mkekani, akaniambia kwa sauti ya mtu anayefundisha hesabu: “Nikimwambia naumwa, atakuja. Akija, atapita porini. Akipita porini watamkamata, ama wa huku ama wa kule. Na mkewe na wale watoto watakula nini? Uongo huu ni wangu, nitaujibu mwenyewe kwa Mola wangu. Wewe ni mkono tu.”

Nikaandika. Niliutazama wino ukitoka kwenye peni, nikingoja uteleze. Haukuteleza. Ulishika vizuri, wa buluu, na maneno “mimi huku ni mzima wa afya” yakakaa juu ya mstari kama yalivyokaa miaka yote. Nilihisi nimesalitiwa na ile karatasi. Nadhani watu wazima husahau jinsi mtoto anavyoweza kukikasirikia kitu.

Niliandika barua tatu za namna hiyo. Ya tatu ndiyo niliyoitia mkono.

Mwanafunzi mmoja wa darasa la saba alikuwa amenionyesha mchezo wa ndimu. Unakamua ndimu, unachovya kijiti cha kiberiti, unaandika. Maandishi yakikauka hayaonekani kabisa. Ukiipasha karatasi joto juu ya taa ya chemli, yanatoka, ya rangi ya kahawia, kama yaliyoandikwa na mtu asiyeonekana. Usiku ule bibi alipopata usingizi kidogo, nikatoka jikoni na ndimu, nikaandika katikati ya mistari ya buluu kwa herufi kubwa. Kisha nikaikunja barua kama ilivyokuwa.

Utauliza, kwa nini sikuongeza maneno mawili ya wino, kumwambia mjomba aipashe moto? Barua zetu zilisomwa tena kwa sauti kabla ya kukunjwa, lakini hayo ningeweza kuyaruka, bibi asingejua. Nimejiuliza swali hilo tangu wakati huo. Jibu ninaloliona ni kwamba sikutaka kumwasi bibi. Wino niliopewa uliandika nilichoambiwa. Hii ya pili sikuiandika mimi kwa hakika; niliiachia karatasi. Nilitaka karatasi ndiyo isikie, ndiyo iseme, na lawama iwe yake. Mtoto hulipa jambo kama hilo jina la muujiza. Mtu mzima angekiita kile nilichofanya woga, na sidhani angekosea.

Nahodha akaichukua. Jibu lilikuja na sabuni mbili na barua ya furaha, kwamba anashukuru kusikia mama ni mzima.

Bibi alifariki mwezi wa Machi 1982, kabla ya alfajiri. Mjomba alipata habari msiba ukiwa umekwisha kuanuliwa.

Nitaruka miaka hapa, maana ni miaka ya shule na haina mengi. Niseme tu kwamba sekondari, tulipofundishwa juu ya karatasi ya litimasi inayogeuka nyekundu kwenye asidi na buluu kwenye besi, moyo wangu uliruka kama niliyemwona ndugu aliyepotea. Nilifanikiwa kuidondoshea chozi ile nyekundu, chozi la kitunguu, kwa kuwa la kweli halikuja nilipolihitaji. Ilibadilika kidogo mno hata nisingeweza kuapa. Baadaye nikasoma kuwa chozi la binadamu linakaribia kuwa katikati, halielekei asidi na besi ni kidogo sana.

Jambo lililonishughulisha zaidi nililikuta nikiwa mtu mzima, katika kitabu. Kumbe karatasi yangu ilikwisha kutengenezwa, tena kabla bibi hajaolewa. Mwaka 1921, katika mji wa Berkeley, California, polisi mmoja aliyekuwa pia msomi wa fiziolojia, John Larson, aliunganisha vyombo vya kupima shinikizo la damu, mapigo na pumzi, akavifungia sindano za kuchora juu ya karatasi inayotembea. Mtu anafungwa mkanda kifuani na mkononi, anaulizwa maswali, na karatasi inaandika yanayotokea mwilini mwake. Baadaye wengine wakaongeza kipimo cha jasho la vidole. Watu wakakiita chombo cha kugundua uongo, na kwa miaka mingi Marekani watu waliomba kazi, wakashitakiwa na wakafukuzwa kwa ushahidi wa ile mistari. Sheria ya mwaka 1988 ikawazuia waajiri wengi wa binafsi kukitumia, na mwaka 2003 Baraza la Taifa la Utafiti la nchi hiyo likatoa ripoti kwamba usahihi wake hautoshi kutegemewa katika kuwachuja wafanyakazi. Sababu yenyewe ni rahisi. Hakuna alama ya mwili iliyo ya uongo peke yake. Moyo hupiga kwa hofu, kwa aibu, kwa kudhulumiwa, hata kwa kuogopa tu kutosadikiwa. Karatasi inasikia kweli. Haijui tu imesikia nini.

Nilipoyasoma hayo nilikiweka kitabu chini nikamfikiria bibi. Nilimwona amekaa mkekani, mkanda kifuani, akiniambia niandike kuwa ni mzima. Nina yakini mistari ingetoka imenyooka. Sauti yake haikutikisika siku ile, wala mkono. Alikuwa amekwisha kuamua, na mtu aliyekwisha kuamua mapigo yake hutulia. Kisha nikajiona mimi, usiku, jikoni, na kijiti cha kiberiti, nikiandika kitu pekee cha kweli kilichokuwa katika barua ile. Moyo ulinidunda hata nikadhani utamwamsha. Karatasi ya Larson ingesema bibi ni mkweli na mimi ndiye mwongo.

Tangu siku hiyo sikuitamani tena karatasi yangu kama zamani. Hapo awali niliamini kuwa shida ya barua zetu ilikuwa upungufu wa vifaa: tungekuwa na karatasi bora, mjomba angejua. Lakini ndani ya nyumba ile palikuwa tayari na kitu kilichosikia kila kitu. Kilisikia meno yakivuta pumzi saa nane za usiku. Kilijua uvimbe umefika wapi kwa namna kanga ilivyofungwa. Kilikuwa na umri wa miaka kumi na moja, na kiliambiwa kuwa ni mkono tu.

Na bibi je, alikosea? Ninapofikiri kama mjukuu, nasema alimnyima mwanawe kumzika. Ninapofikiri kama mzazi, maana nimekuwa mzazi sasa na wanangu wako mbali, sina ukali huo. Juzijuzi nilimwambia binti yangu kwa simu kuwa mafua yamekwisha, nikakohoa katikati ya neno “yamekwisha”. Simu imetupunguzia uhuru huo. Sauti inapita na uchovu wake, na siku hizi wanataka mpaka picha. Bibi alikuwa na haki moja ambayo sisi tumeipoteza, ya kuchagua mwanawe amwone katika hali gani. Karatasi inayosikia ingemnyang'anya. Hapo ndipo nilipofika, na sisemi kuwa nimefika mwisho, kwa sababu kila nikishaamua hivyo nakumbuka uso wa mjomba.

Mpaka ulifunguliwa Novemba 1983. Mjomba alikuja mwanzoni mwa mwaka uliofuata, kwa gari, mchana, kama mtu. Alikwenda makaburini kwanza kabla ya kuingia nyumbani. Jioni tulikaa barazani, akanivuta karibu.

“Mjomba,” akaniambia, maana sisi mjomba na mpwa huitana hivyo hivyo, “wewe ndiye uliyekuwa ukiniandikia?”

“Ndiyo, mjomba.”

“Una mwandiko mzuri. Ile ya mwisho, unajua, ilikuwa na harufu ya ndimu.”

Sikujibu. Nilihisi damu inanipanda masikioni.

“Nilikuwa nikiinusa,” akasema. “Hata mke wangu alikuwa akinicheka. Nikamwambia, unaona, mama bado anapika mchuzi wake wa samaki, ametoka jikoni na mikono ile ile akaishika barua. Basi roho yangu ikatulia.”

Akacheka kidogo, kisha akaacha kucheka, akatazama kwenye pantoni inayokwenda Bweni. Ilikuwa nafasi yangu ya kusema. Ningesema neno moja tu, ndimu, na kulieleza. Lakini niliona kuwa alikuwa na kitu kimoja tu kilichobaki cha mama yake katika miaka saba ile, nacho kilikuwa harufu hiyo, na mimi ndiye niliyeitia. Nikamwambia ndiyo, bibi alipenda sana ndimu. Nilisema uongo wangu wa kwanza wa mtu mzima nikiwa na miaka kumi na nne, na nadhani mapigo yangu yalikuwa shwari.

Hatukulizungumza tena. Mjomba alifariki mwaka 2011, huko Mombasa, na safari hii hakuna mpaka uliotuzuia, tulimzika sote. Baada ya arobaini mjane wake alinikabidhi mkebe wa biskuti, akasema marehemu alitaka uwe kwangu. Ulikuwa na barua, nyingi kuliko nilivyokumbuka, zimepangwa kwa tarehe. Ya mwisho ilikuwa juu.

Maji ya ndimu hayangoji taa milele. Yakikaa miaka katika joto la pwani hujitokeza yenyewe, taratibu, bila kumwambia mtu. Katikati ya mistari yangu ya buluu palikuwa na herufi za kahawia hafifu, kubwa, za mtoto: BIBI ANAUMWA SANA. Chini yake palikuwa na neno la mwisho ambalo halikutoka sawasawa. Pengine kijiti kilikuwa kimekauka, pengine niliandika kwa haraka. Najua lilikuwa “njoo”.

Yalijitokeza lini, siwezi kujua. Huenda ni baada ya mjomba kuuacha kuufungua ule mkebe. Huenda aliyaona mwaka 1985, au 1990, akakaa nayo kama mimi nilivyokaa na yangu, kila mmoja akimsitiri mwenziwe. Mikunjo ya barua ile imelika kuliko ya nyingine zote, lakini yeye mwenyewe alisema alikuwa akiinusa, na kuinusa lazima uifungue.

Nimeinusa pia. Inanuka karatasi kuukuu na bati. Mkebe uko juu ya kabati langu la vitabu, na lile neno la mwisho, kama ningetaka kuliona, lingehitaji kupitishiwa pasi ya moto kidogo tu. Pasi ipo. Mara mbili nimeichomeka, na mara zote mbili nimeishia kunyoosha shati.